Tramu ya Mzee Huzefa

Siku hiyo Ngowa alisahau chakula chake. Jambo hilo peke yake lilimtia mkewe wasiwasi, maana Ngowa angeweza kusahau shati mwilini, lakini si chakula.

Dama alilikuta sinia mezani palepale alipoliacha: wali wa nazi na samaki wa kupaka, sinia dogo la bati lenye maua ya buluu. Jua lilikuwa limeshaanza kuinamia upande wa Kilindini. Akalifunga sinia kwa leso, akatia chumvi kwenye kikaratasi kwa sababu mumewe alipenda chumvi kupita kiasi, akamwacha mtoto wao Joy kwa jirani, akashuka ngazi. Kutoka Tudor mpaka Mji wa Kale si mbali kwa mtu mwenye haraka.

Naye haraka alikuwa nayo. Alikuwa nayo tangu mumewe alipoanza kazi mpya.

Ngowa alikuwa kibarua wa bandarini mpaka waya wa winchi ulipomkata ncha ya kidole cha shahada, mkono wa kulia. Baada ya hapo kila aliyemwendea kuomba kazi alikitazama kidole kwanza, kisha akasema nafasi zimejaa. Ndipo akafariki Kazungu, Mgiriama mwenzao, aliyekuwa mlinzi wa ghala moja huko Kibokoni. Walikwenda matangani Kaloleni, wakala wima, wakalia na wafiwa. Waliporudi mjini, Bi Shahnaz, mwenye ghala, akampa Ngowa nafasi ya marehemu.

"Ni kazi ya kulala, mama Joy," Ngowa alitamba. "Ndani hamna hata cha kuibwa. Kuna tramu moja tu, gari la reli la zamani, lina viti vya ngozi. Mimi najilaza humo kama gavana."

Basi gavana akawa anakwenda kulala, na kila asubuhi anarudi hoi. Mashavu yakambonyea. Kifua kikaanza kukoroma. Dama alipomshika mkono akakuta viganja vimejaa malengelenge, mengine yamepasuka, na nyayo za miguu zimechanika, nyeusi kwa grisi.

"Viganja vimekuwaje, baba Joy?"

"Ni kamba za mizigo."

"Mizigo gani? Si ulisema ndani hamna kitu?"

Ngowa alikuwa kashalala, kijiko mkononi.

Zahanati walimpa dawa za malaria. Kanisani waliombewa. Bibi mmoja wa ghorofa ya chini alimtazama Ngowa akipanda ngazi kwa kushika ukuta, akamnong'oneza Dama kuwa mtu wa namna hiyo anatumikishwa. Mwili walala, mwenyewe yuko kazini kwa mtu. Dama akacheka. Alipofika chumbani mwake hakuwa akicheka tena.

Na kulikuwa na jambo jingine, dogo, ambalo Ngowa alimwambia siku za mwanzo na Dama akalipuuza.

"Watu wa kule wazuri," alisema. "Jioni ile ya kwanza nilikuwa nala ndani ya gari, nikahisi watu wapita dirishani. Nikasema karibuni. Wakaingia, wakala. Hawasemi sana."

"Watu gani?"

"Vibarua wa jirani, nadhani. Kiza kilikuwa kishaingia."

Sasa utamlaumu? Pwani yetu mtu akiwa anakula na mwenzake akapita, husema karibu. Hawazi, neno hutoka lenyewe, kama chafya. Asiyelisema huitwa mchoyo, na jina hilo likishakuganda halitoki hata kwa sabuni ya magadi. Na yule anayekaribishwa, kama ameshiba, hushukuru, husema "siku nyingine", akapita zake. Hakuna anayekwenda kuingojea siku hiyo. Ni adabu tu.

Dama alifika Kibokoni adhana ya magharibi ndiyo kwanza imekwisha. Wanaume walikuwa misikitini, vichochoro vitupu. Stima ilikuwa imekatika, kama kawaida yake mwaka ule wa baada ya mafuriko, na giza lilikuwa limeingia kati ya nyumba kabla ya wakati wake. Mahali fulani juu mtu alikuwa akifukiza udi. Akakata kona mbili, akafika kwenye mlango mkubwa wa mbao wenye kijilango kidogo ndani yake.

Kijilango kilikuwa wazi.

"Hodi?"

Akagonga mbao.

"Hodi... baba Joy?"

Akainama, akaingia. Harufu ikampiga usoni. Vumbi, ndiyo, na grisi kuukuu. Lakini chini yake kulikuwa na harufu nyingine, mbichi, ya watu wengi wanaotoka jasho. Naye haoni mtu.

Mwangaza wa mwisho ulikuwa ukiingia kwa dirisha la juu, ukaangukia ukuta. Pale ukutani mtu alikuwa amechora Mombasa. Si Mombasa hii. Mombasa yenye barabara pana zilizofagiwa, majumba meupe, na magari ya reli ya kijani yakipita kila upande, hata juu ya daraja refu lililovuka maji mpaka Likoni, mahali ambapo mpaka leo watu husukumana kwenye feri. Chini iliandikwa kwa rangi nyekundu: MOMBASA MWAKA 1990. Mwaka huo ulikuwa umeshapita na daraja halikuonekana. Vituoni kulikuwa na watu wamesimama wakingoja, wanaume kwa kanzu, wanawake kwa buibui, wengine kwa suti. Mchoraji hakuwahi kumaliza. Hakuna hata mmoja aliyekuwa na uso.

Dama akageuza macho. Ndipo akaona champali za mumewe.

Zilikuwa zimepangwa sakafuni kando ya reli, moja karibu na mwenzake, mtu anavyoziacha anapoingia nyumbani kwa watu. Juu ya reli ilisimama tramu yenyewe, ya kijani na krimu, ndefu, imelijaza ghala kutoka ukuta mpaka ukuta. Reli zilianzia kwenye ukuta huu zikaishia kwenye ule. Gari hilo halikuwa na pa kwenda.

Lakini ndani mlikuwa na taa inawaka.

Stima ya mtaa mzima imekatika, na ndani ya tramu taa inawaka, ya manjano, imetulia. Dama alijiambia ni taa ya chemli, Ngowa ameiwasha. Alijiambia hivyo kwa sababu alitaka iwe hivyo. Akapanda.

Ting.

Kengele. Moja tu.

Mlango ukajikunja nyuma yake, ukafunga.

"Keti, mama, keti," sauti ikasema. "Humu hamna daraja la kwanza wala la pili. Wote ni sawa."

Kiti cha mbele kabisa alikaa mzee. Dama aliona kisogo chake tu, kofia nyeupe yenye ukingo wa dhahabu, wavaayo Mabohora wa Mji wa Kale, na mabega membamba ya koti jeupe. Hakugeuka.

"Shikamoo, mzee," Dama akasema.

"Marahaba, mwanangu."

"Namtafuta mume wangu. Ngowa. Ndiye mlinzi hapa."

"Sijamwona. Keti, tunaondoka."

Dama akageukia mlango. Ulikuwa laini kwa ndani, hauna mpini, hauna komeo, hauna hata ufa wa kuingiza ukucha. Akaenda dirishani. Kioo hakikusogea. Alipotazama nje aone ukuta wa ghala uko umbali gani, ukuta haukuwapo.

Gari lilikuwa linakwenda.

"Unasikia?" mzee akauliza. Kulikuwa na furaha ya kitoto katika sauti yake.

"Nisikie nini, mzee?"

"Hasa! Husikii kitu. Hakuna farasi, hakuna moshi. Stima tupu." Akanyoosha mkono mwembamba kuonyesha mbele. "Utotoni nilipanda vile vigari vya zamani, vya kusukumwa na watu. Baba yangu alinikalisha chini ya kijipaa cha turubai, na nyuma yangu mtu anasukuma, pekupeku, juani. Nilikuwa naisikia pumzi yake hapa." Akajigusa shingo. "Nikasema, nikiwa mkubwa nitaleta gari lisilomtoa mtu jasho. Watu wa Mombasa watakaa wote, hakuna atakayesukuma. Sasa tazama!"

Dama hakuwa akitazama. Alikuwa akisikia.

Hhh... hhh... hhh...

Pumzi. Pumzi za watu wengi, zinavutwa pamoja na kutolewa pamoja. Na chini ya pumzi, miguu mitupu ikipiga ardhi.

Pa. Pa. Pa. Pa.

Zilitoka nyuma.

Hakutaka kugeuka. Akageuka.

Kioo cha nyuma kilikuwa kimejaa mikono. Mingine ya zamani sana, mikavu, ngozi imeshika mfupa. Na nyuma ya mikono vichwa vimeinama, vingi, safu baada ya safu, vikaishia gizani. Wa mbele kushoto alikuwa Kazungu, ambaye Dama mwenyewe alimrushia udongo kaburini Kaloleni. Pembeni yake, macho wazi yasiyoona kitu, jasho likimtiririka kidevuni, alikuwa Ngowa.

"Baba Joy!"

Akapiga kioo kwa ngumi. Kiganja cha Ngowa kilikuwa upande wa pili, karibu na uso wake kabisa, kidole cha shahada kimekatika ncha, malengelenge yamefumuka na kuacha damu juu ya kioo. Hakupepesa jicho. Aliinama, akasukuma.

Dama akalia. Hakulia kwa heshima, alilia kama mtoto, akikwaruza mlango usio na mpini, akiomba kwa Yesu na kwa wazee wa kwao kwa pamoja, yeyote aliye karibu. Gari halikupunguza mwendo. Nje ilipita Mombasa ya ukutani, barabara zake zimefagiwa, majumba yake meupe. Vituoni watu walisimama wakingoja, na kila gari lilipowapita waligeuza vichwa kulifuata, vichwa visivyo na nyuso.

"Wanangoja," mzee akasema kwa upole.

"Utawachukua lini?"

"Karibuni. Gari ni jipya, mwanangu. Mwendo ukishatengemaa tutasimama."

Dama akaelewa kuwa halitasimama. Halijapata kusimama. Ngowa angesukuma hivi mpaka siku mwili wake ungekosa cha kutoa, kisha wangempeleka Kaloleni, na yeye Dama angerusha udongo tena. Akaketi, sinia mapajani, na kwa kuwa mikono haikujua la kufanya ikaifungua leso.

Harufu ya nazi na samaki ikajaa ndani ya gari.

Kofia ya mzee ikatikisika. "Ni nini hicho?"

"Karibu, mzee," Dama akasema.

Hakukusudia. Lilimtoka tu, vile linavyomtoka mtu. Akaziba mdomo kwa mkono, lakini mzee alikuwa ameshainuka. Akaja kinyumenyume, akipapasa viti kwa mikono, uso bado mbele, akaketi mkabala na sinia kwa ubavu. Dama akauona uso wake kwa upande. Ulikuwa uso wa babu ya mtu, wenye ndevu zilizochanwa vizuri. Hilo ndilo lililomtisha zaidi.

"Una chumvi?" mzee akauliza. "Sisi huanza kwa chumvi."

Dama akafungua kikaratasi. Chumvi nusu ikamwagika. Mzee akagusa punje kwa ncha ya kidole, akaweka ulimini.

Mabega yakamshuka.

"Tangu lini sijaonja chumvi?" akasema. Sauti yake ilikuwa nyingine sasa, nzito, ya mtu aliyeamshwa. "Humu mna baridi... Mbona humu mna baridi?"

Mzee akalitazama sinia.

"Wali ni mwingi. Kwetu haliguswi sinia mpaka duara litimie. Wenzetu wako wapi?"

Ndipo Dama alipoona mlango. Si ule wa gari, bali uliofunguka katika maneno ya mzee.

"Wako nyuma, mzee."

"Nyuma hakuna mtu."

"Wako. Geuka uwakaribishe."

"Mimi sitazami nyuma," mzee akasema haraka haraka. "Niliambiwa nisitazame. Gari litakwenda, lakini nisitazame."

"Basi na mimi sili. Na wewe huli. Na chakula kitalala hapa mpaka kioze, na wageni wa watu wana njaa mlangoni."

Alisema hivyo kwa ukali ambao hakujua anao. Mzee alishika magoti yake. Midomo ikamcheza. Halafu, kidogo kidogo, mfupa baada ya mfupa, shingo yake ikaanza kugeuka.

Akatazama.

Hakupiga ukelele. Alitoa sauti ndogo tu, kama mtu aliyechomwa mwiba.

"Ni watu," akasema. "Ya Rabbi... ni walewale. Ni pumzi ileile."

Pumzi zikakoma. Miguu ikakoma. Gari likasimama.

"Karibuni," mzee akasema, na machozi yalikuwa yakimshuka ndevuni. "Karibuni mle. Nisameheni. Karibuni."

Taa ikafifia. Mlango ukajikunjua, na wakaanza kuingia. Dama hakuona nyuso, aliona mikono. Mkono baada ya mkono ulinyooshwa gizani kuelekea sinia, ukachota, ukarudi, bila neno. Harufu ya jasho ilimkaba. Miili ilimsonga kila upande na ilikuwa baridi, yote baridi. Naye akainama juu ya sinia, akitazama vidole. Vidole vizima. Vidole vikavu. Vidole vizima tena...

Kisha kikaja kidole kilichokatika ncha.

Akakidaka. Mkono ulikuwa wa moto.

"Huyu ameshiba," akasema kwa sauti. "Huyu amekula nyumbani kwake."

Akauvuta mkono, mwili ukafuata, mzito, ukijikwaa, na Dama akausukuma mlangoni mbele yake. Akaweka mguu kwenye ngazi. Hewa ya ghala ikamgusa usoni, hewa ya vumbi la kweli, na alitamani kuilamba.

"Na wewe, mama?"

Waliuliza wote pamoja. Sauti haikuwa ya hasira. Ilikuwa ya watu wenye adabu waliomwona mwenyeji wao anaondoka bila kuonja.

"Karibu nawe."

Na Dama, mguu mmoja nje, amemkumbatia mumewe, akili yote iko mlangoni, akajibu kama alivyojibu maisha yake yote kila alipopita watu wanakula barazani.

"Ahsanteni. Siku nyingine."

"Siku nyingine," wakaitikia.

Ting.

Bi Shahnaz aliwakuta wamelala sakafuni kando ya reli, adhana ya isha inaadhiniwa. Alikuwa mwanamke wa makamo, mnene, rida yake ya waridi, vazi la wanawake wa Kibohora, imeingia vumbi kwa kukimbia; kutoka dirishani kwake alikuwa amemwona Dama akiingia, akangoja atoke, hakutoka. Alishika taa ya chemli. Ngowa alikuwa akikohoa na kuuliza hapa ni wapi. Ndani ya tramu kulikuwa giza tupu.

"Mlikuwa humo?" Bi Shahnaz akanong'ona. "Mlimwona?"

"Kwa nini hukutwambia?" Dama akasema.

Bi Shahnaz akaketi palepale chini, na taa yake.

"Baba yangu, Mzee Huzefa, alilileta gari hili mimi sijazaliwa," akasema. "Alitaka lianzie sokoni mpaka Kilindini. Alikuwa na ramani, alikuwa na kila kitu. Wakubwa wa wakati ule wakamcheka. Wakamwambia Mombasa haitaki tramu. Akazeeka akilitazama. Alipokaribia kufa akasema alione likienda, hata mara moja. Akaletewa mtu mmoja, simjui alikotoka. Mtu akamwambia, stima siwezi kukuletea, lakini nawajua waliokuwa wakisukuma zamani. Baba akasema, liende tu, usinambie linakwendaje."

"Likaenda."

"Likaenda. Asubuhi tulimkuta kiti cha mbele, amekufa, yuwacheka."

"Na walinzi? Kazungu? Mume wangu?"

"Mimi niliwaweka ili watu wasiingie. Nilidhani mtu asiye wa nyumba yetu hatadhurika."

"Ulidhani, Bi Shahnaz, au na wewe hukutaka kuambiwa?"

Bi Shahnaz akafunika uso kwa ncha ya rida. Alilia kimyakimya, na Dama hakumbembeleza. Baadaye ndipo Bi Shahnaz alipoinua kichwa, akauliza kwa hofu ambayo Dama hakuipenda.

"Wakati wa kutoka, walikukaribisha? Kazungu aliniambia walimkaribisha."

"Ndiyo."

"Ukajibu n'ni?"

Dama alimtazama mumewe, jinsi alivyokuwa akijipapasa viganja na kushangaa.

"Sikujibu kitu," akasema.

"Alhamdulillahi," Bi Shahnaz akasema, akapumua.

Wiki ile ile waashi waliziba mlango mkubwa na kijilango chake kwa matofali na saruji, na dirisha la juu pia. Gari halikuvunjwa. Bi Shahnaz alisema anaogopa. Likivunjwa, wale waliomo wataenda wapi? Dama alikwenda mwenyewe kuhakikisha saruji imekauka. Akaigonga kwa kokoto, akaisikia imejaa, akarudi Tudor anaimba.

Ngowa akanenepa. Kifua kikaacha kukoroma. Akapata kazi ya kuuza kwenye duka la vifaa vya ujenzi huko Buxton, kwa mtu asiyejali vidole, akarudia maskhara yake ya zamani na ulafi wake wa chumvi. Dama aliendelea kuwafulia watu nguo. Mvua za masika zilikuja na kupita, Joy akaanza kutembea, na lile neno alilolisema mlangoni Dama akalisukuma mbali mpaka siku nyingine likawa halimjii kabisa.

Halafu asubuhi moja Ngowa alimpokea kikombe cha chai, vidole vikagusana. Akakiweka kikombe chini. Akaushika mkono wa mkewe, akaugeuza, akakitazama kiganja.

"Viganja vimekuwaje, mama Joy?"

"Ni mablanketi," Dama akasema upesi. "Jana nilikamua mablanketi mengi."

"Jana hukufua."

Dama alitaka kujibu, lakini alikuwa amechoka mno. Alikuwa amechoka tangu alipofungua macho. Ngowa akatazama chini ya meza, kwenye nyayo za mkewe, nyeusi kwa grisi. Kisha akatazama mlangoni. Champali za Dama, ambazo kila siku huzitupa ovyo moja huku moja kule, zilikuwa nje ya kizingiti, zimepangwa moja karibu na mwenzake, zinaelekea njiani.

Siku nzima Ngowa hakwenda dukani. Alasiri Dama akamwona anaingia jikoni, yeye ambaye hajui hata kuwasha jiko, akipika wali ukaungua chini, akiupakua kwenye sahani kwa sababu lile sinia la maua ya buluu halikurudi. Jua lilipoanza kuinama akachukua leso, akafunga chakula. Akachana karatasi, akamimina chumvi, nyingi, akaikunja vizuri, kama mkewe alivyomsimulia.

Dama alikuwa kitandani. Macho yalikuwa yakimfumba yenyewe ingawa alijitahidi kwa nguvu zake zote. La mwisho aliloliona ni mumewe amesimama katikati ya chumba, sahani mkono mmoja na chumvi mkono wa pili, akiutazama mlango. Alikuwa tayari kwenda. Ila ghala lilikuwa limezibwa kwa saruji pande zote, naye hakujua chakula kile akipeleke wapi.